Aliyeizika Gemu Asimwite Mwizi Aliyeifukua

Tarehe 31 Machi 2024 kampuni ya Ubisoft ya Ufaransa ilizima seva za The Crew, gemu ya mbio za magari iliyotoka Desemba 2014. Haikuishia hapo. Siku chache baadaye watu waliokuwa wameinunua walifungua akaunti zao wakakuta leseni imefutwa. Hata aliyetaka tu kuzunguka na gari lake peke yake kwenye ile ramani ya Marekani, bila kushindana na mtu, aliambiwa hana ruhusa. Diski ilibaki kwenye kasha, risiti ilibaki kwenye barua pepe, gemu ikawa haipo. Watu waliowahi kuicheza wanafika milioni 12.

Huo ni wizi, na nalitumia neno hilo kwa maana yake kamili. Kwa miaka 40 wenye viwanda vya gemu wametuhubiria kwamba mwizi ni kijana anayekreki faili, yaani anayevunja kufuli lake, chumbani kwake, na wamepewa sheria, mahakama na magereza ya kumshughulikia. Aliyepokea fedha ya mnunuzi kisha akarudi kuichukua na bidhaa yenyewe, huyo haguswi.

Mwishoni mwa 2024 wachezaji wawili waliishtaki Ubisoft huko California. Utetezi wa mawakili wa kampuni ulikuwa kwamba wanunuzi hawakuwahi kumiliki chochote. Walipewa leseni ya kutumia, na leseni ina mwisho. Mapema mwaka huohuo Philippe Tremblay, mkuu wa huduma za usajili za Ubisoft, alikuwa amekwisha kusema kwamba itabidi wachezaji wazoee kutomiliki gemu zao. Basi kwa nini kitufe cha dukani kimeandikwa "Nunua"? Kwa nini hakikuandikwa "Kodi", bei ikashushwa iwe ya kukodi? Fundi wa Gerezani, Dar es Salaam, akikuuzia sufuria hawezi kuja jikoni kwako baada ya miaka 10 aibebe, eti siku hizi hatengenezi tena sufuria za aina hiyo. Angethubutu, mtaa mzima ungemtoa mbio. California imetunga sheria, inayotumika tangu Januari 2025, ya kulitaka duka limwambie mnunuzi waziwazi kwamba anachopata ni leseni tu. Ni hatua, ila sheria hiyo inamwarifu mtu kwamba atanyang'anywa, na haimzuii mnyang'anyi.

Lingekuwa tatizo la gemu moja nisingepoteza wino. Julai 2023 taasisi ya Video Game History Foundation ya Marekani, ikishirikiana na Software Preservation Network, ilitoa matokeo ya utafiti wake: katika gemu za zamani zilizotoka nchini humo kabla ya 2010, asilimia 87 hazipatikani tena sokoni. Fikiria sanaa nyingine yoyote iliyopotezwa na wenyewe kwa kiasi hicho ndani ya umri wa mtu mmoja. Riwaya ya Shaaban Robert ikiisha dukani, nakala iko maktaba, nyingine iko kwa mwalimu mstaafu, nyingine inauzwa kwenye vitabu vya mitumba. Gemu ya duka la mtandaoni ikiondolewa, imeondoka kwenye dunia nzima kwa saa moja. Konami walifanya hivyo Aprili 2015 na P.T., onyesho dogo la kutisha walilolitoa Agosti 2014 kwa PlayStation 4. Hata aliyekuwa amelipakua kihalali, akishalifuta kwenye mashine yake, hakuruhusiwa kulipakua tena. Watu wakaanza kuuziana PlayStation zenye P.T. ndani yake kwa bei za kutisha.

Sababu wanazozitoa ni nyepesi kupita kiasi. Leseni ya wimbo imeisha. Mkataba wa nembo ya gari umeisha. Aprili 2018 Rockstar walifuta nyimbo kadhaa kwenye GTA IV kwa sababu mikataba yake ya miaka 10 ilikuwa imekwisha, na sasisho likaingia hadi kwenye kompyuta za watu waliokuwa wamenunua gemu ikiwa na nyimbo zote. Septemba 2023, ndoa ya EA na FIFA ilipovunjika baada ya takriban miaka 30, gemu za FIFA za miaka karibu 10 ziliondolewa kwenye maduka ya mtandaoni kwa mkupuo. Mamilioni ya vijana wa Afrika waliolelewa na gemu hizo hawakuulizwa.

Kuna kisa kimoja kinachonichoma kuliko vyote. The Operative: No One Lives Forever ilitoka mwaka 2000, kazi ya Monolith Productions. Mhusika wake mkuu ni jasusi mwanamke, Cate Archer, katika miaka ya 1960, na ilisifiwa kwa uandishi wake wa kuchekesha kuliko gemu nyingi za wakati wake. Zaidi ya miaka 10 baadaye Nightdive Studios, kampuni inayoishi kwa kufufua gemu za kale, ilitaka kuirudisha sokoni. Ilibisha hodi Warner Bros., ikabisha Fox, ikabisha Activision, kwa sababu kampuni zilizohusika na gemu hiyo zilikuwa zimeuzwa na kuunganishwa mara kadhaa. Hakuna aliyeweza kusema kwa uhakika kwamba gemu ni yake. Activision walijibu kwamba kama kuna hati yoyote, itakuwa ndani ya boksi mahali fulani, karatasi za enzi za kabla ya kompyuta. Watu hawajui wanachomiliki, hawako tayari kukitafuta, na bado hawakukubali mwingine akiuze. Leo ukitaka kucheza No One Lives Forever kuna njia moja tu ukiacha kuwinda diski kuukuu: nakala iliyokrekiwa, inayotunzwa na mashabiki bila senti. Aniambie mtu hapo ni mali ya nani iliyoibwa.

Sasa tuje kwa wakreki wenyewe. Simtengenezei mtu utakatifu asiokuwa nao. Gemu iliyotoka mwezi huu na inauzwa, inunue au iache. Studio changa inaweza kufa kwa sababu ya wiki mbili mbaya. Utafiti wa William Volckmann wa Chuo Kikuu cha North Carolina, uliochapishwa 2024, uliangalia gemu zenye Denuvo, kinga dhidi ya kukreki, na kukuta kwamba gemu ikikrekiwa katika wiki yake ya kwanza inapoteza wastani wa takriban asilimia 20 ya mapato. Hayo ni mishahara ya watu. Lakini utafiti huohuo ulikuta kwamba kinga ikivunjwa baada ya wiki 12, hasara karibu haipo. Wiki 12. Basi kinga inayofungia gemu kwa miaka 20 inamlinda nani?

Mgala muue na haki yake mpe. Razor 1911 walianza Norway mwaka 1985, vijana wa Commodore 64 waliokuwa wakishindana nani atavunja kufuli kwanza. Mbele ya kila gemu waliyoivunja waliweka utangulizi wa muziki na michoro yenye majina yao, na kutokana na tangulizi za vikundi kama hivyo ikazaliwa sanaa nzima ya kompyuta inayoitwa demosini. Ufini iliiingiza kwenye orodha yake ya urithi wa utamaduni usioshikika mwaka 2020, Ujerumani ikafuata 2021. Watoto waliokuwa wakisakwa na polisi wameacha kitu ambacho serikali zinakitambua kuwa urithi wa taifa.

Na wenye viwanda wanajua thamani ya kazi hiyo, maana wameitumia. Julai 2008 Ubisoft, ndio haohao, walitoa rekebisho rasmi la Rainbow Six Vegas 2 kwa wateja waliokwama kwa kukosa diski. Wachezaji walipolifungua faili wakakuta ni kreki ya kikundi cha RELOADED, saini ikiwa bado mle ndani. Rockstar waliuza Max Payne 2 na Manhunt kwenye Steam, duka la gemu la mtandaoni, huku faili zikiwa na alama ya Razor 1911. Manhunt ndiyo aibu kubwa zaidi: mitego ya kuwabana maharamia iliyotegwa ndani ya gemu yenyewe iligutuka ndani ya nakala halali, milango ikagoma kufunguka, na mteja aliyelipa akawa anaadhibiwa kama mwizi kwa faili aliyouziwa na mwenye gemu. Kampuni ilipohitaji gemu yake ifanye kazi, ilikwenda kuokota kazi ya mtu iliyemwita mhalifu, ikaiuza, na haikumlipa wala kumshukuru.

Hata uwezo wa kutunza hawana. Mwaka 2012 Konami walipotaka kutoa upya Silent Hill 2 na 3, walikuta wamepoteza msimbo wa mwisho wa gemu hizo, mbili kati ya gemu maarufu zaidi walizowahi kutengeneza. Watengenezaji wakapewa msimbo ambao haujakamilika, wakatoa kitu chenye makosa tele. Hii ndiyo mikono tunayoambiwa tuiachie historia.

Chukua diski halisi ya Need for Speed: Most Wanted ya mwaka 2005, gemu iliyotikisa kompyuta za intaneti kafe kuanzia Mombasa hadi Mwanza. Kasha lina namba yake ya siri, diski haina mkwaruzo. Iingize kwenye kompyuta yenye Windows 10. Inazunguka, inasakinisha, kisha ukibofya kuifungua, kimya. Sababu ni SafeDisc, kinga iliyowekwa kwenye diski ili kuzuia kunakili. Kinga hiyo ilitegemea kipande cha programu ndani ya Windows, na kipande hicho kilikuwa na mwanya wa usalama, hivyo Microsoft hawakukiweka kwenye Windows 10 ilipotoka 2015. Septemba mwaka huo wakakizima hata kwenye matoleo ya kabla yake. Ulikuwa uamuzi sahihi wa usalama, lakini kwa siku moja mamia ya gemu halali yakawa plastiki tupu. Most Wanted hiyo haiuzwi Steam. Nakala inayowaka leo ni ile iliyotolewa kufuli na wakreki. Mteja mwaminifu analazimika kwenda kwa haramia ili acheze alichonunua.

Anayeielewa kazi hii kuliko wote pengine ni mtu anayejulikana kwa jina la bandia tu, 4am. Anashughulikia diski za Apple II, zile laini za inchi tano na robo ambazo sumaku yake inafifia kila mwaka. Aligundua kwamba wakreki wa miaka ya 1980 walituachia urithi uliokatwakatwa: ili gemu ichukue nafasi ndogo walifyeka picha ya ufunguzi, walifuta maelezo, walibandika majina yao. Programu za elimu mara nyingi hawakuzigusa, kwa sababu hakuna kijana aliyezitaka, kwa hiyo nyingi zilibaki zimefungwa zikisubiri kuoza. 4am anaondoa kufuli na kitu kingine chochote hakigusi, kisha anaandika hatua kwa hatua jinsi kufuli lilivyokuwa limetengenezwa, na kuweka diski pamoja na maelezo kwenye Internet Archive. Mamia kwa mamia ya diski zimepita mikononi mwake. Hilo ni jambo ambalo nchi ingepaswa kulilipia mshahara, na kwa herufi ya sheria ni kosa.

Na sisi wa Afrika Mashariki tumo ndani ya hadithi hii tangu mwanzo. Gemu zilitufikia kwa njia ya kukopi. Kibanda cha gemu cha Manzese, Kondele au Nyamirambo kilikuwa na televisheni ya kichogo, PlayStation 2 iliyotiwa chip, pedi mbili zilizofungwa solotepu, na bahasha ya CD za kuchomwa zilizoandikwa kwa kalamu: PES, GTA, Mortal. Hapakuwa na duka rasmi la kununulia. Sony waliacha kutengeneza PS2 mapema 2013, na toleo la mwisho la FIFA na la PES kwa mashine hiyo yalikuwa ya msimu wa 2014. Baada ya hapo hakuna kampuni iliyotaka fedha ya kibanda kile. Walioendelea kuhudumia wateja wale ni mafundi wa mitaani na vijana waliojifunza kubadilisha faili. Ununuzi wa gemu kwenye PSP yenyewe, mashine ya mkononi ya Sony, ulifungwa Julai 2021. Vijana wa Tanzania hawakusubiri ruhusa, wakachukua PES ya PSP, wakaichezesha kwenye simu kwa PPSSPP, emuleta inayoiga mashine hiyo, wakaingiza Simba na Yanga kwa jezi zao, na gemu ikasambaa simu kwa simu. Hiyo ni kazi ya utamaduni wetu wenyewe, na kwa kipimo cha viwanda hivyo ni uharamia mtupu.

Mwanzoni mwa miaka ya 2010 pale Nairobi kulitengenezwa Ma3Racer, gemu ambayo mchezaji anakuwa dereva wa matatu, kwa ajili ya simu za Nokia. Ilipakuliwa na watu wa nchi nyingi kupitia duka la Nokia. Duka hilo halipo tena. Mwaka 2015 nafasi yake ilichukuliwa na duka la Opera. Zile simu ziko wapi? Nyingi ziko kwenye madebe ya mafundi, betri zimevimba. Sijui maktaba yoyote ya taifa Afrika Mashariki yenye wajibu wa kuchukua gemu ya simu, kuifungua kufuli na kuiweka rafuni kama inavyowekwa riwaya. Tukitaka kesho kuonyesha wajukuu zetu gemu za kwanza zilizotengenezwa na watu wetu, tutamwomba nani nakala?

Sheria ya Marekani ya 1998 ya hakimiliki za kidijitali inakataza kuvunja kufuli hata kama huna nia ya kuuza, na huku kwetu nyayo zimefuatwa. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 nayo inakataza kuzivunja kinga hizo. Maktaba za Marekani zinaruhusiwa kutunza gemu zilizokufa, ila msomaji lazima aende azitazame palepale jengoni. Oktoba 2024 Ofisi ya Hakimiliki ya nchi hiyo ilikataa ombi la kuwaruhusu watafiti kuzifikia kwa mbali, kwa hofu kwamba watu watazicheza kwa kujifurahisha. Umoja wa wenye viwanda, ESA, ulikuwa umeulizwa kama kuna masharti yoyote ambayo ungeyakubali. Mwakilishi wake akajibu kwamba hakuna. Kwa hiyo mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam anayetaka kusoma gemu iliyohifadhiwa kwenye jumba la makumbusho la The Strong kule Rochester, New York, aombe viza na akate tiketi ya ndege, wakati faili yenyewe ingemfikia kabla chai haijapoa.

Gary Bowser wa Team Xecuter alihukumiwa miezi 40 jela Februari 2022 na kutakiwa kuilipa Nintendo mamilioni ya dola. Simtetei, kikundi chake kiliuza vifaa vya kuchezea nakala haramu za gemu zilizokuwa bado sokoni. Lakini kwa The Crew hakuna aliyelala rumande hata usiku mmoja.

Wenye viwanda wanadai haiwezekani kufanya vingine. Ross Scott alipoanzisha kampeni ya Stop Killing Games Aprili 2024 baada ya The Crew kuuawa, ombi lake lilikuwa dogo: kampuni ikitaka kuzima seva, iiache gemu katika hali ya kuchezeka. Sahihi zaidi ya milioni 1.4 zilikusanywa Ulaya hadi 31 Julai 2025. Umoja wa wenye viwanda wa Ulaya ukalalamika kwamba takwa hilo litafanya gemu ziwe ghali mno kutengeneza. Lakini Ubisoft, baada ya kelele hizo, waliahidi The Crew 2 itachezeka bila intaneti, na mwaka 2025 wakatimiza. Na ile The Crew ya kwanza, iliyosemekana imekufa? Septemba 2025 mashabiki waliochunguza jinsi gemu ilivyokuwa ikizungumza na seva walitoa seva yao wenyewe, The Crew Unlimited, na magari yakarudi barabarani. Watu wa kujitolea wameweza, bila msimbo wa kampuni na bila bajeti. Kampuni yenye kila kitu haina pa kujificha.

Ninachotaka kiandikwe kwenye sheria zetu kinatosha aya moja. Anayeacha kuuza gemu, au kuzima seva inayoibeba, apoteze palepale haki ya kumshtaki anayeikreki ili ichezeke au ihifadhiwe. Maktaba na vyuo viruhusiwe kuvunja kufuli na kumpa msomaji nakala popote alipo. Mwenye gemu akiirudisha dukani kwa bei halali, haki yake irudi. COSOTA ya Tanzania na KECOBO ya Kenya, taasisi za hakimiliki, wanapopeleka mapendekezo ya marekebisho bungeni, wamezoea kuwasikiliza wenye hakimiliki. Wawaite na mafundi wa vibanda, walimu wa kompyuta na vijana walioingiza Simba na Yanga kwenye PES.

Nawe msomaji, kama una kasha la CD za gemu kabatini, za dukani au za kuchomwa, usilitupe. Diski za kuchomwa zina rangi inayokufa kwa joto na mwanga, na joto tunalo la kutosha. Zinakili kwenye kompyuta wiki hii, ziandike jina na mwaka, na weka nakala ya pili kwa mtu unayemwamini.